Kindi na Ukuta Mwekundu

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na nyumba na mabaraza kama sisi (haya, sogeeni karibu, nyie wa nyuma mtasikia nini huko?), aliishi Bi Kindi, mchoraji.

Kindi hakuchora mnyama wala mti. Hata chungu hakuchora. Yeye alipaka rangi tu. Alitwanga manjano, akaponda mbegu nyekundu za mzingifuri, kisha mkia wake chwa! ndani ya kibuyu, na ukutani pwaa! Alianza akiwa kigoli, akaendelea hadi masharubu yakaota mvi.

"Hiyo nini, Bi Kindi?" majirani walimcheka.

"Manjano."

"Manjano ya nini?"

"Ya nini tena? Manjano!"

Siku moja Tembo, chifu wa mji, alimaliza kujenga baraza lake. Akamwita Kindi.

"Nichore ukutani hapa. Niwe mkubwa kuliko Kifaru! La sivyo, funga virago uhame mji wangu."

Kindi akatoka. Hajafika mbali, Kifaru huyo, kamzibia njia.

"We Kindi! Kwenye ukuta ule nataka nionekane mimi, tena mkubwa kuliko Tembo. Ukinifanya mdogo, nitakukanyaga uwe mkeka!"

Kindi alirudi nyumbani, akamweleza mumewe yote.

"Mke wangu," mumewe akamsihi, "wachore tu, tuishi."

"Nani nimfanye mkubwa, mume wangu? Yeyote nitakayemchagua, mwenzake hataniacha salama. Nitapaka ninachokijua. Yaliyobaki uachie ulimi wangu."

Basi akarudi barazani, akapaka wekundu. Wekundu juu ya wekundu! Chini mzito kama udongo wa mvua, juu ukiwaka kama kaa la moto. Alipokuwa akipaka aliwasahau Tembo na Kifaru, akasahau hata kula. Alipomaliza akarudi nyuma, akatazama, akacheka peke yake.

"Hata wakiniua," alisema, "hii imekaa!"

Tembo akaja, gubu! gubu!

"Mimi niko wapi? Mkonga wangu uko wapi?"

"Sogea, baba. Sogea tena, ukuta ukujae machoni. Unaona nini?"

"Wekundu mtupu!"

"Basi hilo ni bega lako tu. Ukubwa wako, baba, ukuta huu utauweza wapi? Kukuchora mzima ningetaka mlima."

Tembo akasogea tena. Wekundu ule ulimwingia machoni, ukamshuka kifuani.

"Kweli ni mimi," akanong'ona. "Nasikia joto."

Alipoondoka, Kifaru akaingia. Kindi akamsogeza vilevile, akamwambia, "Hilo ni shavu lako tu, bwana." Kifaru akatazama, akatazama, machozi yakamdondoka, to! to!

Siku ya kufungua baraza, mji mzima ulikusanyika.

"Tazameni bega langu!" Tembo akanguruma.

"Bega? Hilo shavu langu!"

"Bega!"

"Shavu!"

Wanyama wakaangua kicheko, kwa! kwa! kwa! Wakubwa wale wakamgeukia Kindi, macho yamewaiva.

"Umetudanganya!"

Mumewe akamvuta wakimbie. Kindi hakukimbia. Alisimama mbele yao, mkia wake mwekundu umesimama wima.

"Naam, nimewadanganya. Hapo hapana bega wala shavu. Ni wekundu, basi. Lakini lile joto, baba, ulilisikia au hukulisikia? Na wewe, bwana Kifaru, yale machozi nilikutia mimi?"

 

Tembo akaugeukia ukuta tena. Akautazama kwa muda mrefu, masikio yakashuka taratibu.

"Asiguswe mtu huyu," akasema. "Wala ukuta wake usiguswe."

Kifaru akakohoa, akainamisha pembe. "Bi Kindi... na kwangu kuna ukuta mtupu. Paka rangi yoyote uipendayo."

Vigelegele vikapaa! Na waliopiga kwa nguvu kuliko wote ni wale majirani waliokuwa wakimcheka.

"Nitakuja," akasema Kindi, "nikipata nafasi."

Nanyi wanangu, shikeni hili: anayeijua kazi yake hababaishwi na ukubwa wa mtu.