Kigoda cha Nyamizi

"Aanzaye kwa Doto hukuta kigoda chake kimekaliwa."

Limi na Sungwa, wanagenzi wa urubani, walirushiwa maneno hayo darasani asubuhi, wakayabeba hadi jikoni kwa Bibi, mpishi wa kituo cha angani, anayejua kila kitu isipokuwa kiasi cha chumvi. Sungwa akamsogezea kigoda. Bibi hakukaa. Aliendelea kumenya viazi akiwa wima, kama kawaida yake.

"Hata haya mnakuja kuniuliza mimi," akasema. "Haya. Methali hii ilianza hivi."

Zile nyota mbili za dirishani, kubwa nyekundu na ndogo nyeupe, zinaitwa Kulwa na Doto kwa sababu ni pacha, zinazungukana bila kuachana. Kulwa, aliyetangulia kuzaliwa, humwambia rubani yuko wapi. Doto humwambia ni lini. Kwa hiyo kabla ya kugeuza chombo unampa Kulwa shikamoo, unachukua kipimo chake, ndipo unamgeukia mdogo wake. Redio hukwaruza kidogo. Marubani husema hiyo ndiyo marahaba.

Sasa, palikuwa na rubani aitwaye Nyamizi. Alikuwa mbali alipoletewa habari kwamba mama yake kazidiwa, anamwita kwa jina, na waganga wanampa siku tatu. Nyamizi akakimbiza chombo mpaka kwa pacha. Alipofika, Doto alikuwa peke yake angani. Kulwa alikuwa amejificha nyuma ya giza la vumbi.

"Baada ya saa tisa tu atatokeza," akasema Malongo, fundi wa chombo. "Dada, tupike uji, tusubiri."

"Mama yangu anakata roho, wewe unawaza uji."

"Siku tatu, dada. Sisi tunataka saa tisa. Hesabu hiyo hata mbuzi anaiweza."

"Kulwa namjua alipo. Nitamkadiria."

"Mkubwa hakadiriwi. Mkubwa anasalimiwa."

Machoni mwa Nyamizi mlikuwa na kitanda cha mama tu. Akamwelekea Doto, akasema, "Shikamoo."

Redio haikukwaruza. Ilinyamaza, ikanyamaza sana, kisha sauti ya mwanamke ikasema taratibu, "Marahaba." Malongo akaiangalia redio, halafu akamwangalia Nyamizi. Ilikuwa sauti ya Nyamizi mwenyewe.

Walitua kwao mchana kweupe. Mbwa wa nyumbani, ambaye siku zote humrukia mpaka amwangushe, alimnusa miguu akaenda zake. Moshi ulitoka jikoni. Nyamizi akasikia mama yake akicheka, kicheko cha mtu mzima wa afya. Akaingia.

Mama alikuwa anasuka nywele za mtu. Mtu huyo alikuwa ameupa mlango mgongo, kakaa kwenye kigoda cha miguu mitatu, kile ambacho baba alikichonga Nyamizi alipozaliwa, na ambacho hakikaliwi na mwingine.

"Karibu, mgeni," mama akasema. "Nyamizi, mtafutie mgeni pa kukaa."

Aliyekuwa akisukwa akageuka. Uso ule ule wa Nyamizi. Hata kovu la uji wa moto kidevuni.

"Kigoda kingine hakuna, mama," akasema.

"Mama," Nyamizi akasema, "ni mimi."

"Wewe nani, mwanangu?"

"Nyamizi."

Mama akamtazama kwa huruma, kama mtu anavyomtazama aliyepotea njia. "Jina zuri. Ni la huyu wangu pia. Huyu hajawahi kulala nje ya nyumba hii hata siku moja."

Yule wa kwenye kigoda hakushangaa. Alitabasamu kidogo, akakishika kigoda kwa mikono miwili, kama anayeogopa kunyang'anywa.

Malongo alikuwa akingoja mlangoni pa chombo. "Umemkuta?"

"Nimemkuta, mzima. Na mimi mwenyewe nimejikuta."

Walirudi kwa pacha. Mara hii walisubiri, wakampa Kulwa shikamoo. Redio ikakwaruza vizuri tu. Lakini kila walipogeuza chombo kwenda nyumbani, mama alikuwa mzima, na kigoda kina mtu.

Bibi akatia viazi sufuriani.

"Masikini," Limi akasema. "Si angeomba tu kukaa chini?"

"Chini anakaa mgeni aliyekaribishwa. Wa kwao anangoja nafasi yake."

Mvuke ulikuwa umepanda, Bibi akajifuta uso kwa kanga, na kidevuni pakang'aa kovu la zamani, la kuungua. Sungwa akakitazama kile kigoda kitupu, akakisogeza tena mbele, polepole, kwa mikono miwili.

"Shikamoo, Bibi," akasema. "Kaa."

"Marahaba. Hicho ni cha jikoni, mwanangu, si changu," akajibu Bibi, akikoroga akiwa amesimama. "Aanzaye kwa Doto hukuta kigoda chake kimekaliwa."