Pacha wa Mti wa Mama Ajike

Katika mji mmoja wa Wayoruba, Chifu Adegoroye akikipenda kitu cha mtu, ujue kimeshakuwa chake. Siku hiyo aliipenda sanamu ya mti ya Mama Ajike, iliyochongwa kwa ajili ya mwanawe pacha aliyefariki akiwa mchanga.

"Itapendeza sebuleni kwangu," alisema mbele ya wageni.

Ajike hakubishana. Aliifuta vumbi, akaitoa kwa mikono miwili. "Mchukue, Baba. Niapie tu kwamba utamtunza kama desturi ya mapacha inavyotaka. Ale, aoge, avae."

Chifu akacheka, akaapa. Jioni ile aliivika sanamu kijoho cha mahameli, akaiwekea kijiko cha maharage, akaona kazi yenyewe ni mchezo.

Asubuhi Ajike alipiga hodi na kijana ambaye mabega yake yaliujaza mlango. "Huyu ni Kehinde, pacha aliyebaki. Desturi unaijua, Baba. Anachopewa mmoja, na mwenzake hupewa."

Kehinde alimaliza sufuria nzima ya maharage, akaulizia nyingine.

"Mchukue mwanao wa mti," Chifu alisema, "nenda naye na kijoho chake."

Ajike aliifunga sanamu mgongoni, akafika mlangoni, akageuka. "Na joho la Kehinde, Baba, fundi aje kumpima lini?"