Pipa la Kurudisha Miaka

Mzee Faki Makame, alipofika miaka arobaini, alirithi nyumba kwa marehemu baba yake. Kiburi akajipatia mwenyewe. Akamwambia mpangaji wake, Bi Mwanakheri, mjane wa miaka hamsini: "Ijumaa nakuoa. Hutaki, hama."

Bi Mwanakheri hakumtaka hata kwa dawa. Akachukua pipa, akalifunga gurudumu la baiskeli na saa mbovu ya ukutani.

"Mashine hii inarudisha miaka, bwana. Toka humu kijana wa ishirini, nami nitakubali."

Ijumaa, mbele ya mtaa mzima, mzee akajikunja pipani na ndevu zake za hina. Bibi akazungusha gurudumu mpaka mikono ikamuuma. Mzee akatoka kapinda vilevile.

"Imekushika, au tuvunje habari ya ndoa?"

"Imenishika!" Mzee akaruka, goti likalia ko! "Ishirini kamili, mashahidi nyinyi! Niitieni shehe!"

"Taratibu, mwanangu. Wakubwa huwaamkii?"

Mzee akaamkia: "Shikamoo."

"Marahaba. Sasa, kijana hajipeleki kuposa mwenyewe. Na nyumba hii, kwa umri wako, bado hujairithi. Yote mawili nitazungumza na baba yako. Kamwite."