Jemadari Mpepeaji

Sogeeni wajukuu zangu, nyamazeni. Hata anayetafuna karanga ameze kwanza.

Jemadari Mbaruku alizeekea jeshini, kisha Mfalme akamfanya mpepeaji wake. Siku moja Akida Chumu, kijana mwenye kifua kama mlango, akasema barazani, "Mzee huyu hajui vita. Tupigane kwa panga hapa hapa. Nikimshinda, nyumba yake iwe yangu."

Mfalme akakubali. Mbaruku akamgeukia Chumu.

"Kweli, mwanangu," akasema, "vita nilivyovishinda ni vile nilivyochelewa kufika. Ila mikono hii imeshazoea kupepea. Niache nipepee huku nikikungoja."

"Pepea, babu! Upepo huo utakupoza kaburini."

Watu wakacheka, Mbaruku akacheka kuwashinda. Akatwaa upepeo wake wa ukindu, akasimama bega kwa bega na kiti cha Mfalme. Chumu akachomoa upanga, akamjia mbio.

"Walinzi!" Mbaruku akapiga ukelele. "Nani huyo anayemjia Mfalme na upanga?"

Walinzi wakamrukia Chumu, wakamlaza chini. Mfalme alicheka mpaka kilemba kikamvuka.

Mbaruku alipokufa, nyumba ilirithiwa na binti yake Mwanakheri. Upanga wa mzee aliurithi mkwewe, mume wa Mwanakheri. Akauvuta, akauvuta, wapi! Ulikuwa umegandana na ala kwa kutu tangu enzi za jeshini.