Tai Aliyelelewa Nyuma ya Pazia

Wapendwa, mwenye mtoto anayelia amnyonyeshe hapo hapo alipo, asitoke nje. Habari yenyewe ni fupi, na nataka imfikie kila mtu.

Alikuwapo bwana mmoja, fundi wa kufuga tai na vipanga. Ndiyo, tai! Wenzake walifuga kuku, yeye akafuga wanaokula kuku. Mnaweza kufikiri majirani walivyompenda. Kijijini kwake, tai akinyakua kifaranga, watu walitia sumu kwenye mzoga wakautupa porini. Naye alizunguka majabalini akiokota waliobaki hai. Mwenye bawa lililovunjika alimfunga bandeji, kinda aliyefiwa na wazazi alimlea, na wote aliwarudisha angani. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya maisha yake, na hakuna aliyemtuma.

Siku moja akaleta kinda wa tai ambaye wazazi wake walikuwa wamekufa kwa sumu hiyo. Akamjengea kibanda, akatundika pazia la gunia mbele yake. Kisha akashona mfuko wa ngozi wenye kichwa na mdomo wa tai, akawa anauvaa mkononi, anaupenyeza kwenye tundu la pazia na kumlisha nyama. Hasemi neno. Hata kukohoa anakwenda kukoholea mbali.

Mkewe uvumilivu ukamwishia. "Baba Tumsifu, watu wanasema umerukwa na akili. Unamlisha, halafu unajificha kama mwizi? Si umwache akujue!"

"Akinijua, nimemuua."

"Kwa uso huo? Mbona mimi nimeutazama miaka yote na bado nipo?"

Mumewe hakucheka. Alikuwa akimkumbuka tai mwingine, wa zamani, ambaye alimlea uso kwa uso. Huyo akipigiwa mluzi alikuja, akatua kwenye glavu, wageni wakapiga makofi. Yule bwana aliona fahari, na nani kati yetu asingeona? Wakati ulipofika akampeleka mbali, akamwachia. Njaa ikamshika. Na kwa kuwa hakuwahi kula ila mkononi mwa mtu, unadhani alitafuta nini? Alitafuta mtu. Akamwona mwanamume analima shambani kwake, akamshukia.

Mwanamume huyo mwenyewe ndiye aliyemrudisha yule tai, akiwa amekufa, ndani ya mfuko. "Kaka, nisamehe," alisema. "Nilidhani ananishambulia, nikampiga na jembe. Kumbe alikuwa ameachama tu, anaomba chakula."

Yule bwana alilia waziwazi, mbele ya watu. Na tangu hapo akakata shauri: hatamfundisha tena ndege yeyote kumpenda.

Sasa turudi kwa kinda wetu. Kuna siku aliugua, akalia kutwa nzima. Yule bwana akasimama nyuma ya pazia, anatamani kuingia amkumbatie. Hakuingia. Alitia dawa kwenye nyama, akavaa mfuko wake wa ngozi, akamlisha kama kawaida.

Kinda akapona, akakua, mabawa yakakomaa. Wakambeba ndani ya kasha, mume na mke, mpaka kwenye jabali. Kasha likafunguliwa, na tai akauona uso wa mlezi wake kwa mara ya kwanza. Alifanya nini? Alimrarua mkono kwa kucha, akapaa, akazipa nyumba za watu mgongo.

"Mungu wangu!" mkewe akapiga kelele. "Ndiyo shukrani hiyo?"

Yule bwana, damu inamchuruzika, alikuwa anacheka na machozi yanamtoka. "Ananiogopa, Mama Tumsifu! Ananiogopa! Huyu ataishi!"

Ngojeni, msipige makofi. Mnadhani nimesimama hapa kumsifia mfuga ndege?

Nauliza habari zetu sisi. Yule mdogo wako uliyemsomesha, mbona hawezi kuchagua hata mchumba mpaka akupigie simu wewe? Nawe unaita hiyo heshima! Asipokusalimia kwanza msibani, kijiji kizima kinajua kwamba hana shukrani. Na vijana wa kanisa hili, mbona hawapangi hata wimbo mmoja mpaka sisi wakubwa tutikise kichwa? Tunalisha, ndiyo, tena tunalisha vizuri. Lakini uso wetu tumeubandika kwenye kila tonge, tukitaka watue mikononi mwetu watu wakiona. Tunaita hayo mapenzi, ndugu zangu, na tunawaua.

Basi ukitoka hapa, mtafute mtu wako mmoja, umwambie: "Jambo lile amua mwenyewe." Na akiamua kinyume na ulivyotaka, nyamaza, usimzunguke kwa siri. Hapo ndipo tutakapojua kama tulimpenda yeye, au tulipenda tu kuhitajiwa.