Ubingwa wa Bwana Mbaruku

Siwema, msusi wa Korogwe, alikuwa akiongoza ligi ya kwenye simu mtaani kwao. Kila mmoja alijipangia timu ya wachezaji halisi, nao wakifunga mabao, yeye huvuna pointi. Bwana Mbaruku, mwenye nyumba aliyopanga Siwema, alijiunga kwa kuchelewa na akashika mkia. Jambo hilo lilimwasha kama upupu.

Siku ya mwisho alimvamia saluni. "Timu yako ibadilishe jina, lisomeke langu! La sivyo, hama."

Siwema akashika kifua. "Baba, utaninyang'anya hata ubingwa?"

"Hata ubingwa!"

"Na mambo yake yote?"

"Yote, usibakize chembe!"

"Basi katamke mbele ya watu, wasije wakasema nimekuuzia."

Jioni watu walijaa barazani. Bwana Mbaruku akainua simu, jina lake liking'aa kileleni. "Bingwa ni mimi, na ya bingwa yote ni yangu! Nani anabisha?"

"Hakuna!" watu wakaitikia, vigelegele vikapaa hadi kuku wakatawanyika. Kinyozi wa jirani akauliza, "Sasa ng'ombe utamchinja leo au kesho?"

"Ng'ombe gani?"

"Mbona tulikubaliana kabla hujajiunga? Bingwa hulisha mtaa mzima pilau."

Bwana Mbaruku akamgeukia Siwema, ambaye tangu apande kileleni alikuwa hapati usingizi akiwaza ng'ombe atamtoa wapi. Siwema alikuwa ameshakaa mkekani, mikono ameshanawa.

"Hongera, baba," akasema. "Mimi nipakulie penye mafupa."