Mti wa Parijata na Mgeni wa Saa Sita Mchana

Hadithi hii nimetumiwa leo asubuhi, nikaona si ya kukaa nayo peke yangu.

Zamani, katika nchi moja ya Bara Hindi, aliishi mwanamke mtunza bustani aitwaye Sumati. Kazi yake ilikuwa moja tu: kuutunza mti wa parijata uliokuwa uani kwa Mfalme Harivarman.

Wahindu husimulia kwamba mti huo ulitoka katika bahari ya maziwa, siku miungu na maadui zao walipoikoroga, ukapandwa kwanza peponi. Maua yake ni meupe, yana kikonyo cha rangi ya chungwa. Hufunguka jua likizama, na alfajiri huanguka yenyewe bila kuchumwa na mtu. Ndiyo maana ua la parijata hukubaliwa kwenye ibada hata likiokotwa chini.

Kila alfajiri Sumati alitandika shuka chini ya mti akayapokea. Alikuwa na miaka kumi na tisa katika kazi hiyo, na bado alizuia pumzi kila ua la kwanza lilipodondoka.

Mwaka huo Harivarman alikuwa na ugomvi na mfalme jirani, Rudradeva, juu ya maji ya mto uliotenganisha nchi zao. Watu walishakufa, kaka yake Sumati akiwa mmoja wao. Hatimaye Harivarman akamwandikia jirani yake aje wapatane, na kwa kujigamba akaongeza: "Uje uuone mti wangu wa peponi. Haukosi maua, mchana wala usiku."

Jibu likaja fupi: "Nitakuja. Saa sita mchana nataka kuyaona maua hayo mtini."

Mfalme akamwita waziri wake. Kukiri kwamba alitia chumvi hakutaka. Waziri wake akamtafutia njia. Jioni ya kuamkia siku ya ugeni alimwita Sumati, akamkabidhi kikapu cha nyuzi za hariri.

"Funga kila ua kwenye tawi lake," akasema. "Kesho saa sita nataka mti uwe mweupe."

"Mheshimiwa, yatanyauka."

"Mgeni atasimama mbali. Ukishindwa, bustani hii si yako tena."

Sumati akapanda ngazi. Ua la kwanza lilichanika mkononi mwake. La pili likabaki linaning'inia kwenye uzi. La tatu hakulifunga. Alishuka, akakaa chini akimfikiria kaka yake. Mgeni akiugundua uongo huu, wangapi tena wangeletwa nyumbani wamebebwa?

Kabla hakujapambazuka alivuka mto mahali penye kina kifupi, akajisalimisha kwa walinzi wa Rudradeva, aliyekuwa amepiga kambi ng'ambo akingojea mchana. Alijua kwamba kwenda kwa adui bila ruhusa adhabu yake ni kifo.

Rudradeva alikuwa ameshaamka. Sumati akapiga magoti.

"Mtukufu, maua yetu hayafiki mchana. Ukija saa sita utaonyeshwa yaliyofungwa kwa nyuzi. Ukitaka kuyaona yalivyo, twende sasa."

"Unajua watakachokufanya kwa kuniambia hivi?"

"Najua."

Rudradeva akainuka. Kisha akavua viatu, akavuka mto nyuma yake na walinzi wawili tu, wakaingia kwa mlango wa bustani.

Harivarman aliamshwa akaambiwa adui yuko uani. Alitoka mbio bila kilemba, upanga mkononi. Akamkuta Rudradeva ameketi chini ya mti, maua yakimdondokea mabegani moja moja, harufu imeenea uani kote. Sumati alikuwa kando, ameinamisha kichwa, akingoja hukumu.

Mfalme akasimama. Kisha akauweka upanga chini, akaketi karibu na mgeni wake.

"Nilikuandikia uongo," akasema. "Na nina aibu kubwa kuliko hiyo. Mti huu uko uani kwangu miaka yote, na sijawahi kuamka kuuona hivi."

Rudradeva akatabasamu. "Nilipokuwa mtoto, mama yangu alikuwa akiniokotea maua haya kila asubuhi. Nilijua tangu mwanzo kwamba hayafiki mchana. Ndiyo maana nilichagua saa sita. Ningeyakuta mtini, ningerudi kuandaa jeshi, kwa kuwa anayenidanganya juu ya ua atanidanganya na juu ya mto."

Jua lilipochomoza walikuwa wameshakubaliana jinsi ya kugawana maji.

Harivarman akamgeukia mtunza bustani wake. "Sumati, umevunja amri yangu."

"Ndiyo, mfalme wangu."

"Kesho uniamshe mapema."

Funzo: Usitunge uongo ili kulinda heshima yako. Huenda mtu unayemwogopa anaujua ukweli tayari, na anachongoja ni kuusikia kutoka kinywani mwako.